Jinsi ya Kupika Nyama ya Nguruwe Hata Inyambuke

Na Mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Kabla sijaanza yanipasa kuomba radhi mara mbili. Kwanza ni kwa wale ambao dini yao hairuhusu kula nyama ya nguruwe. Shule yetu ina watoto wa dini zote, na gazeti hili husomwa na wote pamoja na wazazi wetu. Nawasihi wasiufunge ukurasa huu, maana karibu kila nitakalosema juu ya bega la nguruwe ni kweli pia kwa shingo ya mbuzi na muundi wa ng'ombe. Pili naomba radhi kwa wenzangu wa bwenini, ambao wamekwisha kunibandika jina la Mpishi kwa kuwa mvulana ameandika habari za jikoni. Wacheke tu. Wengi wao nimewaona likizoni wakiunguza hata uji.

Sababu ya mimi kuingia jikoni ni bibi yangu, mama yake baba. Anakaa nasi kijijini, katika wilaya ya Chamwino. Meno yake yamebaki machache, nayo hayaonani, la juu liko upande huu na la chini upande ule. Kwa muda wa miaka miwili chakula chake kimekuwa ugali wa uwele na mlenda, na siku ya nyama yeye hunywa mchuzi, vipande vyake akawagawia watoto wadogo, akisema ameshiba. Sisi tulimwamini. Lakini Bibi ni Mgogo wa zamani aliyekulia penye ng'ombe na mbuzi, na kwa mtu wa namna hiyo kukaa mbele ya nyama pasipo kuila si jambo dogo.

Likizo ya Juni, nilipokuwa Kidato cha Tatu, Baba alinunua kilo 2 za nyama ya nguruwe, nami nikajitolea kuipika iwe laini kwa ajili ya Bibi. Nilidhani nyama ngumu hushindwa kwa moto mkali, kama vile chuma hushindwa na mfua chuma. Basi nikaikata vipande vidogo, nikatia makaa mpaka jiko likawa jekundu, na kifuniko cha sufuria kikawa kinacheza ngoma. Baada ya saa moja na nusu maji yalikuwa yamekauka, chini pameungua, na vipande vimekuwa kama kamba ya katani. Bibi alitafuna kwa adabu, akanisifu kwamba chumvi imekolea. Nilipokuwa nikiondoa vyombo nilivikuta vipande vyake vyote vimefichwa chini ya ugali. Sikumwambia mtu, ila nilirudi shuleni na swali moja kichwani: kwa nini?

Jibu la kwanza nililipata katika chumba cha fizikia. Mwalimu wetu alichemsha maji mbele yetu akatia kipimajoto ndani. Kilipanda mpaka nyuzi 96 kikasimama hapo, wala hakikupanda tena ingawa tuliongeza moto. Vitabu vyasema maji huchemka kwa nyuzi 100, lakini hiyo ni penye usawa wa bahari, kama Dar es Salaam au Tanga. Dodoma iko juu ya bahari kwa mita 1,100 na zaidi, hewa yetu ni nyepesi kidogo, kwa hiyo maji huchemka mapema. Jambo lililonigusa mimi ni lile la pili. Maji yakisha kuchemka, moto unaoongezwa hauyapi joto zaidi, huyageuza kuwa mvuke tu. Makaa yangu yote ya mwezi wa Juni, yaliyonunuliwa kwa fedha ya Baba, yalikwenda angani kwa mvuke. Nyama haikupata hata nyuzi moja zaidi ya ile ambayo ingepata kwa moto mdogo.

Jibu la pili lilitoka katika somo la biolojia. Nyama ni nyuzi nyembamba sana zilizofungwa mafungu mafungu, kama singa za katani, na kila fungu limezungukwa na utando mweupe. Utando huo, pamoja na kano zinazoshika nyama kwenye mfupa, umejengwa kwa kitu kiitwacho kolajeni. Kiungo cha mnyama kinachofanya kazi sana, kama vile bega, shingo na miguu, huwa na kolajeni nyingi. Mgongo, ambao hauchoki, una kidogo. Ndiyo sababu steki ya mgongoni huliwa baada ya kukaangwa dakika chache, lakini shingo haitafuniki.

Sasa nyama ikipata joto mambo mawili hutokea, nayo hayaendi kwa mwendo mmoja. Nyuzi hujikaza upesi, tangu nyuzi 60 hivi za joto, na hukamua maji yake kama nguo inayosongwa. Kolajeni nayo huanza kulegea joto likipita nyuzi 70, lakini yaenda polepole mno, yataka saa nyingi, hata mwisho hugeuka kuwa jelatini, yaani kitu laini chenye utelezi. Kila mtu aliyepata kula makongoro amekwisha kuiona jelatini: ule mchuzi wa miguu ya ng'ombe ukipoa huganda na kutikisika, tena midomo ya mlaji hunatana. Basi mpishi mwenye haraka huiondoa nyama katikati ya safari, wakati nyuzi zimekwisha kukaza na kolajeni haijayeyuka. Hapo ndipo nyama ilipo ngumu kuliko ilivyokuwa mbichi! Akivumilia saa nyingine tatu, ile gundi huyeyuka, nyuzi huachana zenyewe, na jelatini huzipaka utelezi hata mlaji hadhani zimepoteza maji. Kinachotakiwa ni saa. Moto mdogo watosha.

Mapishi yenyewe niliyapata katika kitabu cha Kimarekani. Katika majimbo ya kusini ya Marekani watu hupika bega zima la nguruwe kwa moto mdogo, mchana kutwa, kisha huinyambua nyama kwa uma mbili na kuila pamoja na mkate. Namna niliyoipenda mimi ni ile yenye viungo vya Wakajuni wa jimbo la Louisiana. Hao asili yao ni Wafaransa waliohamia Acadia, pande za mashariki za nchi iitwayo sasa Kanada, katika karne ya 17. Mwaka 1755 Waingereza walianza kuwafukuza huko kwa nguvu, wakatawanyika, na wengi wao hatimaye wakapata makao kwenye mabwawa na mito ya Louisiana. Jina lao la Acadia likafupishwa vinywani mwa watu mpaka likawa Cajun. Walikuwa watu wasio na mali wala majokofu, hivyo mtu akichinja nguruwe majirani walikusanyika kusaidia kazi na kila mmoja aliondoka na fungu lake. Mtu wa kwetu haoni ajabu hapo.

Kuna neno jingine lililonifurahisha hata nikamsomea Bibi. Chakula mashuhuri cha Louisiana chaitwa gumbo, nacho ni mchuzi mzito ambao mara nyingi hutiwa bamia. Wataalamu wengi wa lugha husema neno hilo limetoka katika lugha za Kibantu za pande za Angola, ambako bamia huitwa kingombo au jina linalofanana na hilo, na kwamba lilivuka bahari vinywani mwa Waafrika waliochukuliwa utumwani. Bibi aliuliza, “Kwa hiyo nao wanakula mlenda?” Nikamwambia naam, mlenda wa namna yao. Akaridhika kwamba Wamarekani ni watu.

Kabla ya kutaja chungu, sharti niseme habari ya kununua nyama. Neno hili nawaandikia hasa wazazi. Nguruwe anayezurura hula kila kitu, hata kinyesi cha binadamu mahali pasipo na vyoo. Akila mayai ya tegu yaliyomo katika kinyesi hicho, wadudu wake hukaa katika nyama kama vifuko vidogo vyeupe, mfano wa punje za mchele uliopikwa. Mtu akila nyama hiyo haijaiva sawasawa, tegu hukua ndani ya matumbo yake, na mayai hutoka tena kwa haja kubwa. Hatari kubwa zaidi ni hii: mtu mwenyewe akimeza yale mayai, kwa mikono michafu au maji machafu, vifuko vyaweza kuota katika ubongo wake na kumletea kifafa. Uchunguzi uliofanywa wilayani Mbulu, na mahali pengine penye nguruwe wengi katika nchi yetu, umewakuta nguruwe wenye vifuko hivyo. Kijijini kwetu yuko kijana aangukaye kifafa, na watu husema amerogwa. Sisemi kwamba ugonjwa wake umetokana na tegu, maana kifafa kina sababu nyingi na mimi si daktari. Nasema tu kwamba ni afadhali kumpeleka hospitali kuliko kwa mtu wa kupiga ramli.

Kwa hiyo nunua nyama iliyokaguliwa na kupigwa muhuri, na uitazame mwenyewe. Ukiona zile punje nyeupe, usiinunue hata kwa bei ya bure. Moto nao ni mlinzi, kwa kuwa nyama iliyopikwa mpaka kunyambuka imepita nyuzi 85 mpaka ndani kabisa, na hakuna kifuko cha tegu kinachostahimili joto hilo. Mishikaki inayochomwa upesi upesi, nje nyeusi na ndani ingali na uwekundu, ndiyo ya kuogopa. Tena usiwatupie nguruwe wako mabaki mabichi. Ile homa ya nguruwe ya Kiafrika, ambayo habari zake ziliandikwa kwanza na mganga wa wanyama huko Kenya mwaka 1921, haimdhuru binadamu hata kidogo, lakini huenea kwa mabaki ya nyama, na ikiingia katika banda yaweza kuua nguruwe wote kwa siku chache, wala dawa yake haijapatikana.

Sasa twende jikoni. Wauzaji wetu wengi huuza nyama ya mchanganyiko, mfupa na mbavu na mafuta pamoja, wakiikatakata kwa shoka. Mwombe akukatie bega, kilo 2 kwa kipande kimoja au viwili, mfupa wake ukiwamo. Atakutazama kama mtu mgeni, lakini atakukatia. Mafuta usiyaondoe yote.

Usiku uliotangulia niliisugua nyama kwa chumvi vijiko vitatu vya chai, ile pilipili nyekundu isiyowasha iitwayo paprika vijiko viwili, pilipili manga kijiko kimoja, pilipili kali ya unga nusu kijiko, na punje sita za kitunguu saumu zilizotwangwa. Wakajuni hutia pia majani makavu ya taimu. Mimi sikuyapata, nikatia binzari nyembamba kidogo, na hakuna aliyelalamika. Palipokucha nilikaanga vitunguu maji viwili na pilipili hoho moja katika sufuria nzito. Wenyewe huongeza seleri, na huviita vitu hivyo vitatu utatu mtakatifu, jambo ambalo padri wetu aliposikia alicheka sana. Nikaiweka nyama juu ya vitunguu, nikaigeuza mpaka ikapata rangi ya kahawia kila upande, ndipo nikatia vikombe viwili vya maji. Kitabu kilitaka siki. Nani ana siki kijijini? Lakini ukwaju tunao tele katika nchi yetu kavu, basi niliroweka ukwaju wa kujaza kiganja, nikauchuja, nikatia maji yake. Uchungu ule wa ukwaju hukata mafuta vizuri, na kwa kweli mimi nauona bora kuliko siki.

Kazi iliyobaki ilikuwa kuuzuia moto. Maji yakisha kuchemka punguza makaa mpaka usikie mlio mdogo tu, na povu litokee mahali pamoja pamoja. Ukiwa na chungu cha udongo ni vizuri zaidi, kwa kuwa huchelewa kupata joto na huchelewa kulipoteza. Waweza pia kupalia makaa machache juu ya kifuniko, kama wafanyavyo watu wa pwani kwa wali. Kila nusu saa tazama kama maji yamepungua, uongeze ya moto, kamwe usitie ya baridi. Kwa namna hii kilo 2 zataka saa nne au tano.

Mama aliposikia saa tano aliuliza ni nani atakayelipa makaa. Lilikuwa swali la haki. Hapo nilikumbuka kapu la majani, ambalo akina mama wengi walilijua zamani na sasa wanaanza kulirudia. Nilichukua kapu kubwa, nikalijaza majani makavu yaliyoshindiliwa, nikaacha tundu la kuingia sufuria, na nikashona mto wa kufunikia kwa gunia kuukuu, nao nikaujaza majani vilevile. Nyama ilichemka polepole motoni kwa saa moja na nusu. Nikaifunika barabara, nikaitia kapuni ikiwa ingali inachemka, nikaweka mto juu, nikaenda kuchota maji. Majani hayapiki chochote. Yanazuia tu joto lisitoroke, na joto lililomo ndani ya nyama na mchuzi laendelea na kazi yake pasipo kaa hata moja. Baada ya saa tatu nilifunua, na mvuke ukanipiga usoni. Nikairudisha motoni saa moja nyingine.

Katika mambo ya kapu kuna masharti mawili. Sufuria iwe imejaa, maana sufuria nusu tupu hupoa upesi. Tena usiiache humo mchana kutwa ukasahau, kwa sababu chakula kikishuka chini ya nyuzi 60 vijidudu vya kuozesha huanza kuzaana. Kikitoka kapuni kichemshwe tena kabla ya kuliwa. Mara ile ya Juni nilitumia sado mbili za makaa kuharibu nyama. Mara hii nilitumia sado moja kuipika, na yakabaki ya kuchemshia chai.

Utajuaje kwamba iko tayari? Shika mfupa uuzungushe. Ukitoka wenyewe, mweupe, safi, kama kisu kinavyotoka alani, kazi imekwisha. Ukigoma, rudisha kifuniko, wala usiongeze moto. Mimi niliukuta mgumu mara ya kwanza, nikaogopa kwamba yamerudi yale ya Juni, lakini nusu saa baadaye uliteleza mkononi mwangu. Niliitoa nyama, nikaiacha ipumzike kidogo, nikainyambua kwa uma mbili. Ilifuata nyuzi zake bila kushindana. Mchuzi niliuengua mafuta ya juu, nikauchemsha peke yake mpaka ukawa mzito, nikaurudisha juu ya nyama.

Katika Louisiana wangeila kwa mkate. Sisi tuliila kwa ugali wa uwele, na mlenda kando. Nilimnyambulia Bibi sehemu yake vizuri zaidi, nyuzi fupi fupi. Alikula kimya. Nilijifanya nazungumza na ndugu zangu, lakini jicho moja lilikuwa sahanini kwake, na alipomaliza nilitazama chini ya ugali: hapakuwa na kitu. Kisha aliuliza ule mfupa uko wapi.

Nyumba yetu inapakana na nyumba ya mzee mmoja Mwislamu, rika la marehemu Babu, naye meno yake ni kama ya Bibi. Siku ile aliona kapu uani akauliza ni la nini, nikamweleza. Sufuria yetu haifai kwake, nasi tunajua, kwa hiyo mkewe ametoa chungu chao kipya, na yeye mwenyewe ameahidi mbuzi wa kuchinjwa kwa mkono wake. Likizo ijayo nitapeleka kapu na majani, nao watatoa shingo. Bibi amekwisha kuniambia kwamba siku hiyo naye amealikwa.